Pangaboi la Meneja

Mashamba ya mkonge yalipotaifishwa, watu wengi hapa Kilosa tuligawiwa hotuba. Jirani yangu Lukasi, karani wa stoo, alipata pangaboi. Lilitoka nyumba ya meneja Mzungu, yenye dari ya kwenda juu kama kanisa, ndiyo maana bomba lake la kuning'inizia lilikuwa refu kama mkono wa mtu mzima. Nyumba ya Lukasi, paa lake mtu aliligusa bila kupanda kigoda.

Fundi Cornel alimshauri alikate lile bomba. Lukasi akaja juu. "Kitu cha meneja hakikatwi!"

Likafungwa vilevile, mapanga yakizunguka usawa wa paji la uso. Uhuru ulikuwa umetukataza kumwinamia mtu, na Lukasi ndiye aliyetuhubiria hayo mikutanoni. Lakini kwake tuliingia tumeinama, naye mwenyewe akiwa wa kwanza. Nadhani alianza kupenda kuinamiwa.

Mkewe, Letisia, hakupenda. Siku moja aliingia na ndoo ya maji kichwani. Alikunja magoti vizuri tu, ila ndoo ilibaki juu. Pangaboi likaipiga, akaloa mpaka miguuni. Akafunga khanga zake, akapanda treni kurudi kwao Kidete. "Ukikata bomba, nitarudi," alisema.

Lukasi alimpenda yule mwanamke, hilo nalijua. Alikonda. Bomba hakulikata.

Mwishowe mzee Simoni, babake Letisia, alimleta binti yake ili wayamalize. Lukasi akawasha pangaboi mwendo wa mwisho, mkwe apoe jasho, akaketi chini yake. Mzee akasimama mlangoni akiyatazama mapanga.

"Karibu baba. Inama kidogo tu."

"Nikuinamie wewe, mkwe wangu?"

Hapo Lukasi akakumbuka kwamba hata hajamwamkia. Akataka kusimama kama inavyopasa, upepo ukampitia utosini, akarudi kitini.

"Shikamoo baba," akasema, amekaa kama chifu.

Niliona aibu, na mimi nilikuwa jirani tu niliyesimama uani. Mzee hakuitikia. Alimshika Letisia mkono wakarudi stesheni.

Kesho yake Lukasi aliazima msumeno wa chuma kwa Cornel, akakata bomba mwenyewe. Siku hizi pangaboi liko juu kabisa, na mwanamke angeweza kupita chini yake wima, ndoo kichwani. Maji Lukasi anajichotea mwenyewe.