Neno Lililomponyoka Gentrix

Kama hujamwona Gentrix Nasambu akitafsiri mahubiri, bado hujaona mtu akifanya kazi kwa moyo wake wote. Siku za kawaida ni fundi wa nguo pale Amalemba, anashona sare za shule na kanzu za kwaya, na mumewe yuko kiwandani Butali, nyumbani huonekana wikendi. Lakini Jumapili mpe maiki uone! Mhubiri akiruka, naye anaruka. Mhubiri akilia, machozi ya Gentrix yanatangulia. Kanisa letu la Lurambi lina watu wa kila aina, wafanyakazi wa kaunti, wanafunzi wa chuo, akina mama wa sokoni, na wahubiri wetu wanakipenda Kiingereza hata pale ambapo Kiingereza chenyewe hakiwapendi. Bila Gentrix, nusu yetu tungekuwa tunaitikia amina kwa mambo tusiyoyajua. Mimi Mama Sydney nakwambia wazi, kuna Jumapili nilizotoka nyumbani kwa ajili yake tu, na Mungu anaelewa.

Mwenyewe alikuwa akisema maneno humpita tu, kama uzi unavyopita kwenye tundu la sindano. Ukimuuliza baada ya ibada kilichohubiriwa, anacheka, anasema hajui, muulize aliyekuwa ameketi. Na alijivunia hilo. Mkalimani mzuri, alisema, hana lake.

Basi mwaka huu, wiki ya familia, Mchungaji Weldon akamwalika Daktari Quinter. Huyu ni mwalimu wa wanaosomea ushauri nasaha, mama wa makamo, mpole, miwani imeshikwa na kamba shingoni. Yeye ni katika wale wataalamu wanaochimba chini kabisa ya akili ya mtu, mahali ndoto zinapotoka. Nilitarajia kulala. Wapi, sikulala!

Daktari alizungumza Kiingereza, na Gentrix akawa anatuletea moto moto. "Ndani ya kila mwanamume kuna mwanamke asiyemjua! Na ndani ya kila mwanamke kuna mwanamume! Wanatujia kwenye ndoto kwa sababu mchana tumewanyima nafasi!" Vijana wakapiga miluzi. "Mtu huyo akikujia, usikimbilie kumkemea! Muulize kwanza anataka nini!" Akina mama tukatazamana, maana kukemea ndoto ndiyo kazi yetu ya kila asubuhi. "Yesu alipotaka kutuambia anavyotupenda, alijifananisha na kuku anayewakusanya vifaranga. Hakusema jogoo!" Hapo kanisa lilivunjika mbavu. Sisi Waluhya ni watu wa ingokho, ukituhubiria kwa huyo kuku umefika nyumbani. Nilisimama, nikapunga leso, nikasahau hata goti langu linauma.

Halafu Daktari akafika kileleni. Alisema kwamba hata ndani ya Mungu mna ule upande wa kike, tena akautaja kwa neno moja tu la kisomi. Gentrix, kwa ile kasi yake, akalidaka neno, akalipitisha kwenye Kiswahili, akainua mkono juu na kupaza sauti mpaka mabati yakaitikia:

"Na Mungu ana uke!"

Sasa, kamusi itakwambia uke ni hali ya kuwa mwanamke, na kamusi haijadanganya. Lakini waulize watoto wetu neno hilo wamelitoa wapi. Wamelitoa kwenye somo la mwili, kwenye ule mchoro ambao mwalimu huupita haraka haraka bila kumwangalia mtu usoni.

Akina mama tukaziba vinywa kwa leso. Kisha kwenye benchi la vijana mtu mmoja akapasuka kwa kicheko, na ndipo Mzee Shiundu, mwenyekiti wa baraza la wazee, akanyanyuka, fimbo mkononi.

"Zima hiyo maiki! Hiyo ni kufulu! Hii neno haisemwangi kanisani!"

Maiki ikazimwa. Daktari Quinter alishika kichwa kwa mikono miwili, akajaribu kueleza, lakini nani angemsikia? Gentrix alibaki amesimama pale mbele, mkono bado uko juu, uso umemwiva. Nilimhurumia mpaka nikatamani kumpiga mtu.

Wazee walikutana papo hapo na uamuzi ukatoka. Jumapili inayofuata Gentrix asimame mbele ya watu, aombe msamaha, tena atangaze kwa kinywa chake kwamba yale yote ya upande wa kike wa Mungu ni uongo. Akifanya hivyo, maiki ni yake. Akikataa, ataketi kwenye benchi kama sisi wengine, asiiguse tena. Mchungaji Weldon alijaribu kulainisha mambo, lakini Mzee Shiundu akishaweka fimbo mezani, mchungaji wetu huwa anakumbuka ana kikohozi.

Siku mbili baadaye nikaenda dukani kwake nikiwa nimejiandaa kumfuta mtu machozi. Nikamkuta anatembea huku na huku, futi ya kupimia shingoni, macho yanawaka.

"Mama Sydney, ingia, ingia! Safari hii hayakunipita. Yamekwama!"

"Yapi yamekwama?"

"Maneno! Yako hapa." Akajipiga kifua. "Keti nikwambie kitu sijamwambia hata mume wangu, Baba Abigail."

Akaniambia ndoto. Kwa miaka, alisema, mwanamke mmoja mnene, miguu mitupu, amekuwa akiingia sebuleni kwake, anakwenda moja kwa moja kwenye kiti cha mwenye nyumba, anaketi, anamtazama. Hasemi kitu. Na kila mara Gentrix alimkemea kwa jina la Yesu mpaka akaamka ametota jasho.

"Leo baada ya chakula nimesinzia hapa hapa juu ya cherehani. Akaja. Nikakumbuka Daktari. Nikamuuliza, mama, unataka nini?"

"Ee Mungu wangu. Akasemaje?"

"Akasema, 'Nilidhani hutaniuliza.' Halafu akacheka! Mama Sydney, kile kicheko nakijua, ni changu, kile cha kabla sijaolewa!" Naye akacheka, na kweli sikuwa nimewahi kumsikia akicheka vile. Vinyweleo vilinisimama. Nilimwambia kama wazimu ndio huu, anigawie kidogo.

Kisha akaketi, akatulia.

"Neno nitaliombea msamaha. Lilikuwa baya, lilitoka vibaya. Lakini nikisema ni uongo, huyo mama nitakuwa nimemfukuza tena, na safari hii nikiwa macho."

"Na maiki je?"

Alizungusha gurudumu la cherehani isiyo na kitambaa. Kwenye ile maiki ndipo mahali pekee alipokuwa akijiona mtu, na sote wawili tulijua.

Kwa hiyo tukaanza kutafuta neno. Kama lingepatikana neno safi, labda wazee wangesikia. Tulijaribu umama. Gentrix akalikataa, akauliza dada yake asiyejaliwa mtoto tumwache nje ya Mungu? Tukajaribu uanauke. Mimi nikasema hilo linasikika kama ugonjwa wa ng'ombe. Tulijaribu mengine nisiyoweza kuyaandika.

Tukiwa kwenye mabishano hayo akaingia Hamida, muuza vitenge kutoka Mumias, anayemletea Gentrix vitambaa.

"Asalaam aleikum wenye nyumba. Mnapigania nini?"

Tulimweleza yote. Alicheka mpaka mzigo ukamponyoka kichwani. Alipomaliza akajifuta macho na mtandio, akasema polepole, "Sasa nyinyi Wakristo, kwani hamna rehema?"

"Tunayo, dada," nikamjibu. "Tunaiimbanga kila wiki."

"Basi ustadhi wetu alitufundisha. Kwa Kiarabu, rehema na tumbo la uzazi ni maneno ya shina moja. Ndiyo maana akitaja rehema ya Mungu huwa anashika tumbo hapa. Anasema ni ule mvuto mama anausikia mtoto akilia."

Gentrix alitupa mkasi. Nasema alitupa, ukagonga ukuta!

"Rehema! Tumelibeba mdomoni tangu tuzaliwe! Na mwanamume anakuwa nayo, na asiyezaa anakuwa nayo!" Akamkumbatia Hamida, akanikumbatia mimi, akataka kukumbatia mteja aliyekuwa amekuja kuchukua sketi ya mtoto. Siku hiyo hakuna nguo iliyoshonwa Amalemba, hilo naweza kuapa.

Jumapili kanisa lilijaa mpaka mlangoni. Watu wa ibada ya mchana walikuja asubuhi. Daktari Quinter naye alikuja, akaketi nyuma. Mzee Shiundu alikuwa kiti cha mbele, na mkewe, Mama Immaculate, kando yake, mama mkimya sana, mtu ambaye ukimwuliza habari anakwambia nzuri na hapo imekwisha.

Gentrix alipanda akiwa peke yake. Aliposema "Mimi," nusu ya kanisa iligeuza shingo kutafuta mhubiri anayetafsiriwa. Hakukuwa na mhubiri.

"Mimi naomba msamaha kwa neno nililosema. Liliwaumiza masikio, na watoto wamelicheza wiki nzima. Nisameheni." Akaihamishia maiki mkono wa pili. "Lakini jambo lenyewe siwezi kulikana. Nimekuwa nikimkemea mwanamke ndani yangu miaka mingi, nikidhani ni shetani. Wiki hii nimemuuliza anataka nini, na sijawahi kuomba kwa furaha kama nilivyoomba wiki hii. Tunasema Baba yetu, na ni Baba. Tunaimba pia rehema yake. Nimeambiwa neno hilo lilitoka kwenye tumbo la mama. Kama hilo nalo ni kufuru, basi tuache kuimba. Maiki hii hapa."

Akaiweka juu ya meza, akageuka kushuka.

Mzee Shiundu akasimama.

Niliinuka nusu. Nilikuwa tayari kumjibu, na ningemjibu vibaya. Lakini mzee hakupiga fimbo chini. Alisimama akiishikilia kama mtu anayevuka mto, midomo inacheza bila sauti, halafu akaanza kusema kwa Kiluhya cha nyumbani. Mzee ambaye mbele ya kanisa husema Kiswahili tu, hata kikimshinda! Alisema maneno machache, akakwama. Akamtazama Gentrix.

"Hapa kuna watu hawaelewi," akasema. "Chukua hiyo maiki, mama. Nitafsilie. Mimi nitashindwa."

Gentrix alirudi, akaichukua. Wakasimama bega kwa bega. Mzee akasema kwa sauti ya chini, naye akatupa kwa Kiswahili, taratibu, bila kuruka, bila kupaza.

"Mimi pia kuna mwanamke ananijia. Tangu nikiwa kijana. Anasimama kwenye ukingo wa shamba la miwa, ananiita kwa jina la utotoni, jina ambalo hakuna aliye hai anayelijua. Mimi humfukuza. Humpigia kelele mpaka anakwenda. Nimemwogopa maisha yangu yote na sijui amenikosea nini." Mzee akaongeza kitu, Gentrix akaendelea: "Nimezeeka. Nimechoka kumfukuza. Nataka kumuuliza, lakini sijui kuuliza."

Aliyeinuka ni Mama Immaculate. Alimkaribia mumewe mpaka akasimama mbele yake kabisa, na maiki iliyokuwa mkononi mwa Gentrix ikalichukua kila neno.

"Baba Immaculate, kumbe ni huyo? Ukiwa usingizini unapiganga kelele, 'Toka, mwanamke, toka kwangu!' Miaka yote hiyo nimelala kando yako nikidhani unanifukuza mimi."

Fimbo ilimponyoka mzee, ikaanguka. Hakuiokota. Alimshika mkewe mikono yote miwili mbele ya kanisa zima, akamuuliza kwa Kiluhya kama amekuwa akilia, na hilo Gentrix hakulitafsiri, akateremsha maiki.