Meri ya Kostiki

Niliacha shule darasa la tano, na ninalisema bila aibu, kwa sababu baadhi ya wale niliowaacha darasani wamekuja kwangu kuomba kazi. Ukiona shati jeupe kanisani Kanyakine siku ya Jumapili, jua kuna uwezekano mkubwa lilifuliwa na sabuni yangu. Nilianza na sufuria ya mama ya githeri, mafuta ya ng'ombe kutoka kwa wachinjaji wa Majengo mjini Meru, na mwiko niliouchonga mwenyewe. Leo nina banda la mabati, mapipa manne ya kupikia, pikapu, na nyumba ya mawe ambayo watu wakipita hupunguza mwendo waitazame. Hakuna aliyenishika mkono. Sabuni niliifundisha mimi kuiva, ikanitii.

Kitu kimoja tu kimekataa kunitii maishani, nacho ni kostiki.

Kwa asiyejua, kostiki ni soda kali, vipande vyeupe vyembamba kama maganda ya kitunguu saumu. Ukiitia kwenye maji, maji yanapata joto bila moto. Ukiikoroga na mafuta, mafuta yanageuka sabuni. Ikikugusa mkono, inakula ngozi bila kuuliza. Bila hiyo, mimi ni mtu mwenye pipa la mafuta yanayonuka. Na haichimbwi hapa. Tuna ziwa zima la magadi, wake zetu wanatia magadi kwenye githeri ili mahindi yalainike, lakini kostiki lazima ivuke bahari. Kila mwaka mtu fulani mwenye akili nyingi huniuliza kwa nini nisitumie magadi tu, si yote ni soda? Nimechoka kujibu. Tia magadi kwenye pipa langu uone kama hutapata uji.

Sijui kusoma magazeti ya biashara, lakini safari ya kostiki katika nchi hii nimeisoma kwenye magunia. Nilipoanza, magunia yalikuwa na maandishi ya kizungu, mazito, yaliyoshonwa kwa uzi mara mbili. Baadaye yakaja ya maandishi ya Kiarabu, na mchinjaji wangu wa Majengo akawa ananisomea, akicheka kwamba yameandikwa tu "weka mbali na watoto". Kisha yakaja ya Kihindi. Kisha ya Kichina, membamba, yanayopasuka ukiyaangalia vibaya. Kila maandishi yalipobadilika, bei ilipanda, na kila mara niliambiwa sababu mpya: dola, vita mahali nisipopajua, mafuta ya meli. Wakati ule wa korona kila mtu mwenye beseni alikuwa mtengeneza sabuni, na kostiki ikawa kama dhahabu. Walipoacha, nikadhani nitapumua. Bei haikushuka. Bei ni kama ng'ombe aliyepanda mlima, kumteremsha ni kazi nyingine.

Mwaka jana nikaalikwa kwenye semina ya wafanyabiashara wadogo katika hoteli moja mjini Meru. Sikupenda hilo neno wadogo, lakini chai ilikuwa nzuri. Kijana mmoja wa mambo ya biashara aliwasha picha ukutani, mstari mwekundu unaokwea, akasema huo ndio uagizaji wa kostiki, na kwamba unapanda. Nikainua mkono. Nikamwambia kwamba Meru ndiko kupanda kwenyewe, kitu kikipanda kutoka Mombasa lazima kitupitie, sasa hicho chake kimepandia njia gani? Watu walicheka sana. Alisubiri wamalize kucheka, halafu akanijibu kwa upole kwamba kostiki inayoongezeka ni ya viwanda vikubwa vya Nairobi na Thika, inakuja ya majimaji ndani ya matangi. Wanaopika kidogo kidogo wanahamia kwenye sabuni iliyokwisha kupikwa ng'ambo, inayoletwa ikiwa vipande vikavu kama tambi, mtu anavifinyanga tu. Akasema nami nifikirie. Nikamwambia mimi si mtu wa kufunga sabuni za wengine kwenye karatasi. Nikaketi nikamaliza chai yangu.

Miezi michache baadaye kostiki ikapotea kabisa. Mimi hununua Embu, kwa mzee mmoja mwenye ghala karibu na stendi, mtu niliyefanya naye biashara tangu siku za magunia ya kizungu. Nikimpigia, jibu ni moja: meli haijafika. Sasa, watu wa Embu hawana l. Kwao meli ni meri, na wala sisi wa Imenti Kusini hatuwezi kuwacheka, maana ulimi wetu huteleza hapo hapo. Mke wangu ndiye mwenye l safi. Yeye ni wa Laare, kwao herufi hiyo imesimama mwanzoni mwa jina la soko lenyewe.

Jioni moja tulikuwa tunakula. Simu yangu ina sauti ya kanisa, haijui siri. Mzee wa Embu akasema, na nyumba nzima ikasikia:

"Meri bado, mkubwa. Ako Mombasa. Ako na mzigo mzito sana, hawezi kuharakishwa. Akishusha tu, wewe ndiye nitapigia wa kwanza."

Nikamwambia sawa, amwangalie vizuri, nisije nikampoteza. Nikakata simu, nikarudi kwenye sahani. Mke wangu alikuwa ameacha kula.

"Meri ni nani?"

"Ni ya Mombasa."

"Nimesikia ni wa Mombasa. Nauliza ni nani."

"Ni meri, mama. Ile ya kostiki."

"Kumbe anauza kostiki," akasema. "Na ana mimba."

Nilijaribu kulisema hilo neno vizuri. Ulimi ukakataa. Nikajaribu tena polepole, nikatoa Meri mwingine, tena huyu alikuwa na heshima zaidi kuliko wa kwanza. Mwanamume mwenye mapipa manne, nyumba ya mawe, nimeshindwa na herufi moja mezani kwangu. Nikachukua kijiko, nikamchorea mashua juu ya ugali. Aliutazama ule ugali muda mrefu.

"Kesho tunaenda Embu pamoja," akasema. "Nataka kumwona huyo mwenye mzigo."

Lazima nieleze kwamba jambo hili halikuwa la wivu peke yake. Kwa miezi mingi tulikuwa tukibishana, yeye na mimi, kama moto wa banda uendelee kuwashwa. Yeye alisema kupika kumeisha, kostiki inatuchezea, tununue tambi tuzifinyange na tuuze. Mimi nilisema nyumba hii imejengwa na moto ule, na siku utakapozimwa nitakuwa kama hao wenye maduka wanaopanga vitu vya watu kwenye rafu. Wanawake watatu wanaokoroga bandani walikuwa wakitusikiliza kupitia mabati. Kwa hiyo tulipoingia kwenye pikapu asubuhi ile, kila mmoja wetu alijua anachokwenda kutafuta Embu. Mimi nilikwenda kutafuta kostiki ili nibaki mpishi. Yeye alikwenda kutafuta ukweli.

Tulipopita Chuka nilimwonyesha daraja jipya, hakulitazama.

Mzee wa Embu alitupokea vizuri, akamwamkia mke wangu kwa heshima, akamtafutia kiti. Mke wangu hakuketi. Akamuuliza Meri ako wapi.

"Alifika juzi, mama," mzee akasema, akifurahi. "Njoo nikuonyeshe aliyotuletea."

Akafungua mlango wa ghala. Nakwambia lilijaa hadi kwenye mabati ya juu, na moyo wangu ukaruka. Ndipo nikaona magunia yenyewe. Yalikuwa meupe, laini, yenye picha ya mchikichi, na moja lilikuwa limechanika pembeni likimwaga vitu kama tambi fupi fupi, rangi ya maziwa. Sabuni iliyokwisha kupikwa. Meli nzima ya kungojewa ilikuwa imeniletea kazi yangu mwenyewe, imefanywa tayari na mtu nisiyemjua.

Mke wangu akaangalia magunia, akaniangalia mimi, akaangalia magunia tena. Nikaona bega lake linatikisika. Alicheka mpaka akashika ukuta, na mzee wa Embu akacheka pamoja naye bila kujua kinachochekwa. Mimi sikuona cha kuchekesha. Nikauliza kostiki iko wapi.

Mzee akaniambia kwamba hao walioleta zamani hawataki tena. Kostiki inatoboa magunia, inataka vibali, inachoma wapakiaji, na wenye matangi Nairobi wanajiletea wenyewe. Tambi hazichomi mtu. Ukiziangusha unazoa tu. Kila mtu kuanzia Isiolo hadi Kerugoya amehamia huko.

"Mkubwa," akasema, "siku hizi nani bado anapika? Ni wewe na nani?"

Nilitafuta jina la kumpa. Nilimtafuta mtu wa Maua, nikakumbuka aliacha. Wa Chogoria aliuza mapipa. Nikamuuliza kama hakubaki na kostiki hata kidogo.

Alikuwa na magunia mawili ya kostiki ya mwisho, kwenye kona, yamefunguliwa na kufungwa tena kwa kamba. Nikasema nayachukua. Mke wangu wakati huo alikuwa ametia mkono kwenye gunia lililochanika. Alizisugua tambi kwa vidole, akanusa, akazilowesha kidogo kwa mate, povu likatoka.

"Chukua hayo mawili yako," akaniambia, bila ubishi, kama mtu anayemruhusu mtoto. "Kisha gari lijazwe haya."

Nikamwambia sitafinyanga sabuni ya watu. Akasema hakuniambia nifinyange, aliniambia niendeshe. Nikaendesha. Njia nzima nilijua nitamwonyesha, na nilimwambia hivyo, kwamba kwa magunia mawili peke yake nitapika sabuni itakayomfanya arudishe mzigo wake Embu kwa miguu.

Nilipika siku iliyofuata, mimi mwenyewe, sikumwachia mtu mwiko. Mafuta ya Majengo yalikuwa mazuri, meupe. Nikakoroga asubuhi, nikakoroga mchana. Sabuni yangu huwa inaanza kuvuta, inakuwa nzito kama ugali unaotaka kuiva, unasikia mwikoni. Hii haikuvuta. Ile kostiki ya kona ilikuwa imekunywa unyevu miezi yote ile, nguvu imeisha, imebaki kuitwa kostiki kwa heshima. Nikaongeza kidogo, kisha nikaongeza yote. Jioni nilikuwa na pipa la uji wa mafuta ambao hata mbwa aliunusa akaenda zake. Wanawake wa bandani walijifanya wanafagia. Mke wangu alikuja mlangoni, akaangalia ndani ya pipa, akasema chakula kiko tayari.

Baada ya hapo sikuweza kukataa. Mashine ya kufinyanga ninayo, ile kama ya kusagia nyama ila kubwa, niliinunua kuukuu Thika nikaitengeneza mwenyewe. Yeye na wale wanawake walitia tambi, wakatia rangi na manukato, na sabuni ikatoka mdomoni mwa mashine ndefu, nyororo, bila hata tundu moja la hewa. Hawakungoja ipoe. Walikata, wakapanga, wakamaliza kabla ya chakula cha mchana kazi iliyokuwa ikinichukua siku tatu. Mmoja wao akasema inanukia kama ya supamaketi. Nikatoka nje.

Nilichukua kipande kimoja, nikaenda nyuma ya nyumba mahali ambapo mtu hawezi kuniona, na shati langu jeupe la kanisani, lile ambalo limekaa na doa la mafuta kwenye kola tangu Krismasi. Nililifua kwa hasira, nikitaka doa libaki. Nililiinua kwenye mwanga. Kola ilikuwa nyeupe kama siku nilipolinunua.

Nililianika kwenye ua. Kisha mawingu yakaanza kushuka kutoka mlimani, nikaenda bandani nikatafuta vipande vya mabati, nikafunika mapipa yote manne, mvua inayopenya paa isiingie, maana sasa hakuna moto chini yake.