Niliifuta Sauti ya Rafiki Yangu Kwenye Nyimbo Zetu Zote

Mkosaji ni mimi. Sitasema shetani alinipitia, maana kazi yenyewe ilinichukua wiki tatu nzima, na sidhani shetani ana subira hiyo. Niliketi mchana, nimeshiba, akili zangu timamu, nikaifuta sauti ya rafiki yangu wimbo baada ya wimbo mpaka ikaisha. Nimekuja kuyasema hapa kwa sababu wewe hunijui wala mimi sikujui, na nikiendelea kuyabeba peke yangu nitapasuka.

Majina nimebadilisha. Mengine yote ni ukweli mtupu.

Tulikuwa vijana wanne wa kwaya ya kanisa huko Mukurweini. Tulijitenga tukaunda kikundi chetu tukakiita Theluji, kwa sababu ya mlima wenye kilele cheupe tuliouona kila asubuhi tukienda shule. Tulivaa sweta za rangi moja, tukanyolewa na kinyozi mmoja, tukajifunza kucheza hatua ambazo leo nikizikumbuka naona aibu. Lakini wasichana walipiga kelele, haki ya Mungu! Walipiga kelele mpaka tukaamini sisi ni watu.

Kwa miaka saba tulirekodi nyimbo kumi na tisa. Tano za kwanza tuliziimba kwenye chumba nyuma ya saluni moja Nyeri mjini, kuta zimejaa trei za mayai, na mtu akiwasha mashine ya kukausha nywele huko mbele tunanyamaza tungoje amalize. Hiyo ikawa albamu ya kwanza, "Kona ya Posta". Ya pili tukaiita "Sweta ya Mkopo", na humo ndimo mlimokuwa na wimbo wa "Wairimu wa Maziwa", uliochezwa kwenye harusi kutoka Othaya mpaka Karatina. Ya tatu haikufika mbali. Baada ya hapo tukawa tunatoa wimbo mmoja mmoja, Mungu akijalia.

Sauti ya mbele ilikuwa ya Gachanja. Katika nyimbo kumi na tisa, kumi na nne aliongoza yeye. Mimi nilikuwa naitikia. Pia mimi ndiye niliyetengeneza biti na kurekodi tulipopata mashine zetu, kwa hivyo kila kitu, hata zile tano za kwanza, kilikaa kwangu, kwenye laptopu yangu na kwenye hadidiski moja nyeusi ya kuhifadhia kazi zetu. Niliamini kwamba bila mimi hakuna Theluji. Na nilikuwa na haki kidogo. Lakini nani amewahi kwenda harusini akaulizia aliyetengeneza biti?

Siku moja tuliitwa kuimba Kianyaga, kwenye uwanja wa shule. Emsii akashika maikrofoni akasema, "Mpigieni makofi Gachanja na wenzake!" Na wenzake! Nikamtazama Gachanja nikidhani atasahihisha. Hakusahihisha. Alipunga mkono tu, meno yote nje.

Tukirudi nilimwambia imeniuma. Akanishika bega.

"Buda, usikasirike. Wewe ni mtu ya mashini. Kila mtu na talanta yake."

Mtu ya mashini! Nafikiri alisema kwa nia njema. Leo naona hivyo. Siku ile nilisikia tusi, nikalimeza, likakaa tumboni.

Mwaka uliofuata Gachanja alianza kuitwa kuimba peke yake kwenye sherehe, na akaenda, ingawa hakurekodi wimbo wowote. Kikundi kikafa bila mtu kukitangazia kifo. Mmoja wetu akaenda Uarabuni kutafuta kazi, mwingine akafungua duka la spea Karatina. Mimi na Gachanja tukaacha kusalimiana. Tukikutana sokoni kila mtu anaangalia vitunguu vyake.

Hapo ndipo nilipofanya lile jambo.

Nilizifungua nyimbo zote kumi na nne. Nikaondoa sauti ya Gachanja, nikaimba sehemu zake mimi mwenyewe. Na sikuimba kama mimi! Nilimuiga. Nilimjua kuliko alivyojijua, nilijua anavuta pumzi wapi, anakwaruza koo kidogo kwenye neno gani. Niliimba, nikafuta, nikarudia, mpaka mtu asiyemzoea asingetambua tofauti. Kisha nikazitoa za zamani mtandaoni, nikapakia hizo mpya, picha zile zile, majina yale yale. Watu wachache wakauliza mbona sauti imebadilika. Nikafuta maswali yao na kuwafungia.

Halafu nikafanya lililo baya zaidi. Nilifungua ile hadidiski nyeusi nikaifuta sauti yake ya awali, moja baada ya nyingine, nisije nikalegea nikairudisha. Nilipomaliza nilipika chai nikanywa. Nilijisikia vizuri sana, na hilo ndilo linalonitisha mpaka leo.

Gachanja hakujua. Alikuwa na uchungu na sisi, hakuwa anasikiliza nyimbo zetu.

Miaka miwili ikapita. Nikasikia ameota uvimbe shingoni. Akafanyiwa upasuaji, uvimbe ukatoka, maisha yake yakaokoka. Sauti haikurudi. Alikuwa ameambiwa mapema kwamba inaweza kuwa hivyo, naye akakubali, maana angefanyaje? Kijana aliyeimba watu wakasimama juu ya viti, sasa akikuambia habari ya asubuhi inabidi uinamishe sikio mdomoni pake.

Nilienda kumwona. Sikulala vizuri wiki ile, nikaona heri niende. Alinipokea kama ndugu! Alinishika mkono akacheka bila sauti, na mambo ya sokoni na vitunguu yakaishia hapo. Akaninong'oneza kwamba anaoa. Msichana anaitwa Wawira, wa Kianyaga, walikutana baada ya upasuaji.

"Hajawahi nisikia nikiimba," akasema. "Hata siku moja. Tafadhali, siku ya harusi uniletee nyimbo zetu zote. Ya kwanza mpaka ya mwisho. Wewe ndio uko nazo."

Ndugu yangu unayesoma, hapo ndipo mlango ulipokuwa wazi. Ningeanguka magoti pale pale nimwambie. Ningesema, Gachanja, nilikosa. Angenipiga, angelia, yangeisha.

Nikamwambia, "Nitaleta."

Nilikuwa na mwezi mmoja, nikautumia kutafuta nakala za zamani. Chumba cha nyuma ya saluni kilikuwa kimegeuka duka la simu, na kompyuta tuliyorekodia humo iliuzwa zamani. Wenzetu wawili hawakuwa na kitu, simu zao za wakati ule zilishapotea. Kinyozi wetu alikuwa na memori kadi, akaitafuta kwenye kila droo, akakuta imevunjika. Nilizunguka na bodaboda vijijini nikiulizia sidii kama mtu anayetafuta ng'ombe aliyepotea.

Huko Wamagana mama mmoja akaniambia anayo. Moyo ukaruka! Akanipeleka shambani. Alikuwa ameifunga kwa uzi juu ya mtama wake, inazunguka na kumetameta kwenye jua.

"Inafukuza ndege poa sana," akasema. "Ati unataka kuinunua? Chukua tu, niko na ingine."

Ilikuwa "Sweta ya Mkopo". Niliipangusa na shati langu, nikaipeleka Nyeri kwa kila fundi mwenye mashine ya kuisoma. Ilikuwa imekwaruzika na kuliwa na jua. Haikutoa hata neno moja.

Siku ya harusi ikafika, nami nikaenda na flashi mfukoni yenye nyimbo kumi na tisa, kumi na nne za uongo.

Tenti zilikuwa zimejaa nyumbani kwa kina Gachanja, mukimo umeshaliwa, keki imeshakatwa. Emsii akasema, "Leo bwana harusi hawezi kutuimbia, lakini kuna siku aliimba! Weka muziki!" Wakaanza na "Wairimu wa Maziwa".

Nilikuwa nimesimama karibu na spika. Gachanja alikuwa amemshika Wawira mkono, macho kwake, akingoja kuona uso wake ukibadilika. Wimbo ukaanza. Mstari wa kwanza haukuisha kabla hajaniangalia.

Alijua. Mstari mmoja tu!

Wawira alijiziba mdomo kwa mikono miwili, machozi yakaanza kumtoka. "Huyu ni wewe?" akamuuliza, na sauti yake ikasikika mpaka nilipokuwa. "Babe, huyu ni wewe kweli? Na hukuwahi niambia uliimba hivi!"

Gachanja alimtazama. Akanitazama mimi tena. Kisha akatikisa kichwa kumjibu mkewe, ndiyo, ni mimi, na watu wakapiga vigelegele, na bibi harusi akamkumbatia shingo ile yenye kovu.

Sijawahi kuaibika hivyo maishani, na hakuna aliyejua isipokuwa watu watatu. Wa tatu alikuwa mama yake Gachanja. Aliinuka kwenye kiti cha mbele, akapita katikati ya watu waliokuwa wakicheza, akanijia. Yule mama alinilisha tangu nikiwa darasa la nne. Alinishika mkono wa shati.

"Hiyo si sauti ya mtoto yangu."

"Mama..."

"Nimemsikia akilia, nimemsikia akiimba, nimemsikia akikohoa hiyo ugonjwa usiku na mchana. Ati mimi sitajua sauti yake? Yake iko wapi?"

Akaniuliza tena, polepole, kama mtu anayeuliza mtoto alipoangusha pesa ya unga. "Umeweka yake wapi?"

"Nilifuta, Mama."

Aliniachilia mkono. Akaingia nyumbani, na hakutoka mpaka wageni walipoondoka. Tangu siku ile tukikutana njiani ananipita kama mti.

Gachanja alinikuta nyuma ya jikoni, kwenye migomba, nikiwa nimechutama. Nilidhani amekuja kunipiga. Alichutama na yeye, na suti yake ya harusi, ikabidi nisogeze sikio.

"Zote?"

"Zote kumi na nne."

"Na hakuna mahali zimebaki?"

"Nimetafuta kila mahali. Hakuna."

Upande ule wa tenti sauti yangu ilikuwa ikiendelea kuimba maneno yake. Nikaanza kumsihi, nisamehe, nilikuwa mjinga, wivu ulinila, nitamwambia Wawira mwenyewe sasa hivi, mbele ya watu. Nikainuka. Akanivuta nikaketi.

"Usimwambie," akanong'ona. "Leo wala siku ingine. Ameipenda. Ukimwambia, atabaki na nini yangu?"

"Lakini ni uongo, Gachanja."

"Wewe ndio uliutengeneza. Sasa kaa nao." Akapangusa goti la suruali. "Mimi nitakaa nao pia."

Akarudi kwa wageni wake. Hajanitukana mpaka leo. Heri angenitukana!

Ulitaka kujua nimelipa nini? Siwezi kuimba tena. Hata kanisani nafungua mdomo na hakuna kinachotoka, maana nikisikia sauti yangu nasikia ya wizi. Mashine niliuza. Nyumbani kwa kina Gachanja, mahali nilipokula kuliko kwetu, naingia tu wakati mama yake ameenda shambani. Na ninaingia kwa sababu Wawira ananiita. Ananipenda sana! Anasema mimi ndiye niliyemtunzia mume wake sauti.

Mwezi uliopita alinipigia nikaenda kuona mtoto wao, msichana wa miezi mitatu. Nilimkuta amelala mgongoni mwa mama yake, simu iko kwenye mfuko wa aproni inaimba.

"Bila hii halali," Wawira akaniambia, akicheka. "Mpaka asikie sauti ya baba yake."

Gachanja alikuwa mlangoni akimenya viazi. Kisu hakikusimama.

Halafu yule mwanamke, Mungu ambariki, akanigeukia kwa uso mkunjufu kabisa. "Na wewe ni gani hapa? Nimesikiliza nikasikiliza, sijawahi kukushika. Sauti yako ni gani?"

Miaka yangu yote nilitaka mtu aniulize swali hilo. Nilimharibu rafiki yangu ili siku moja niulizwe swali hilo. Nikamwangalia Gachanja, naye akaendelea na viazi vyake.

Nikamwambia, "Mimi nilikuwa naitikia tu."

Wewe unayesoma, kama kuna mtu mmegombana, gombana naye. Mtukane, mnyime salamu, kataa mwaliko wake. Lakini kile alichokifanya kwa mikono yake au kwa koo lake usikiguse, hata kama kimekaa kwako, hata kama ulikitolea jasho nusu. Na kama umeshakigusa, nenda leo ukamwambie, kabla hajaja kukuomba ukilete.