Kitoto cha Marumaru

Mama alipokuja kututembelea huku Hayes, Uingereza, alibeba unga wa wimbi, dagaa na ugomvi. Tulikuwa tunajengea kaburi la marehemu baba kule nyumbani, na kwenye jiwe tulitaka majina ya watoto wake. Kaka yangu mkubwa, aliyeko huko akisimamia kila kitu, alisema ni wanne. Mama alisema watano, maana kabla yangu alizaa mtoto aliyeishi wiki moja tu. Kaka hakutaka hata kusikia. Eti watu wataongea, mtoto wa wiki moja hahesabiwi.

Jumamosi mvua ilitukimbiza tukaingia kanisa moja la zamani. Kando ya ukuta kulikuwa na kaburi la tajiri wa enzi zile za wafalme, limechongwa kwa marumaru. Juu yake sanamu ya bwana mwenyewe imelala ubavu, imejiegemeza kwenye kiwiko.

"Huyu anangoja chai," mama akasema. "Baba yako kabisa!"

Tulicheka mpaka bibi wa Kizungu aliyekuwa akipanga maua akaja kucheka nasi. Mke wa tajiri alilala kando yake, kola yake imekunjwakunjwa vizuri hivi kwamba niliigusa kuhakikisha si kitambaa. Chini yao watoto wamepiga magoti, mkubwa hadi mdogo.

"Na huyu je?" Mama alikuwa ameinama mwishoni mwa mstari. Mtoto mchanga alilala pale, amevingirishwa nguo shingoni hadi miguuni, macho kayafumba.

Bibi alieleza, nikamtafsiria mama: huyo alikufa mchanga, lakini wazazi walitaka achongwe pamoja na ndugu zake, kwa kuwa ni mtoto wao.

Wee! Mama alipiga vigelegele humo kanisani, nikatamani ardhi inimeze. "Mpigie kaka yako! Sasa hivi!"

Kaka alipotokea kwenye simu, mama aliisogeza karibu na jiwe. "Tazama! Fundi amempa hata kope!"

Nikamweleza maneno ya bibi. Kaka alitazama, akajikuna kichwa. "Haya mama, umenishinda. Watano. Lakini tuandike nini? Si alikufa bila jina?"

"Nani kakwambia?"

Akalitaja palepale, jina zuri, uso wote unang'aa kwa furaha. Umri wangu wote sikuwahi kulisikia, kwa sababu hakuna aliyewahi kumwuliza.

"Rudia polepole, mama," kaka akasema. "Naandika."