Maana ya Jina la Binti Yangu

Mwaka ule niliopunguzwa kazi kwenye ofisi ya pamba, nilibaki peke yangu katika chumba cha kupanga huko juu kwenye mawe, mahali ambapo ukifungua mlango unaliona ziwa lote na huna wa kumwonyesha. Mke wangu alikuwa amehamia Geita, akiwauzia mitumba wachimbaji wa dhahabu. Binti yetu wa miaka sita alimwacha kwa mama yake mzazi, ng'ambo ya kivuko cha Busisi. Hatukugombana. Alisema tu kwamba chumba kimoja na mwanamume anayeshinda amelala hakimfai mtoto.

Biashara ilikuwa imeachiwa huru na kila mtu mjini alikuwa anaanzisha kitu. Bwana mmoja pale Nyamagana alinunua mashine ya kuchapia, akawa anachapa kadi za harusi. Baadaye akapata wazo la kutoa kijitabu cha majina ya watoto ya Kisukuma na maana zake. Orodha ya majina alikwisha kuinunua kwa mtu. Akanipa mimi niihakiki, maana alisikia kwamba nilipokuwa karani sikuwa naacha kosa lipite.

"Angalia tu kama hizo maana ni za kweli," aliniambia. "Wazazi wa siku hizi wanataka kujua."

Mimi ni Mjita, nimezaliwa upande wa Mara. Kisukuma nakisikia, lakini si cha kuapia. Kwa hiyo nilipanda basi hadi Magu, kwa bibi mmoja aliyewahi kuwa mkunga, ambaye mwenye nyumba wangu alinielekeza. Nilimkuta anaanika mpunga. Nikamwamkia, akanipa kigoda, nikaanza kumsomea.

"Kabula, ua zuri."

Alicheka mpaka akashika kiuno. "Ua? Mbula ni mvua, mjukuu wangu. Huyo kazaliwa mvua inanyesha. Endelea."

"Shija, mshindi."

"Shija ni anayezaliwa nyuma ya mapacha. Kamshinda nani?"

Tulikwenda hivyo mchana kutwa. Sikuwa nimezungumza na mtu kwa muda mrefu namna ile. Nikajikuta nauliza hata majina niliyokuwa na uhakika nayo, ili tu asiseme inatosha.

Karibu na mwisho wa orodha lilikuwapo jina la binti yangu. Sitaliandika hapa, ni lake. Orodha ilisema maana yake ni "mwenye bahati." Nililisoma kama nilivyosoma mengine. Safari hii bibi hakucheka.

"Hilo hupewa mtoto aliyezaliwa baba yake hayupo," alisema. "Mama anajifungua, mwanamume yuko safarini. Ndugu wanalitoa kama kumsema kidogo."

Nikaandika. Binti yangu alipozaliwa nilikuwa kwenye vituo vya kununulia pamba, wiki ya tatu sijarudi nyumbani. Mama mkwe ndiye aliyempa jina. Miaka yote ile nililiita uani, majirani wakisikia, na sikuwahi kuuliza lina maana gani.

Mwenye mashine hakuipenda kazi yangu. "Njaa, msiba, baba hayupo! Nani atanunua hiki? Hapa rudisha bahati."

Nikamwomba wiki moja. Nilimwambia neno la mtu mmoja halitoshi, ngoja niulize na kwingine. Ukweli ni kwamba kwa majina mengine yote sikutafuta shahidi wa pili.

Nikavuka. Mama mkwe alikaa mbali kidogo, uso kaugeuzia pembeni kama heshima inavyotaka kwa mkwe. Binti yangu alitoka ndani, akaniambia shikamoo, akasimama mikono nyuma kama yuko mbele ya mwalimu. Kisha akaenda kuniletea maji ya kunywa.

"Mama," nikasema, "lile jina ulilompa mtoto, ulikuwa unanisema mimi?"

"Nikuseme kwa lipi?"

Nikamweleza habari za Magu. Alisikiliza mpaka mwisho.

"Hilo ni jina la dada yangu," alisema. "Alikufa na uzazi, mimi bado msichana. Mkeo alipozaliwa nilitaka nimpe, upande wa baba yake wakakataa, wakampa la kwao. Nikangoja mjukuu. Wewe, baba, hukuwemo kwenye mawazo yangu hata kidogo."

"Na dada yako, yeye alipewa kwa sababu gani?"

"Waliojua wamekwisha kufa."

Nilitegemea nitapumua. Badala yake nilikaa pale na kikombe mkononi nikijiona mdogo, kwa sababu siku zile chache za kulaumiwa nilikuwa angalau mtu ndani ya jina la mwanangu.

Mtoto ndiye aliyenipeleka kuliona kaburi la huyo dada, nyuma ya migomba. Alisema yeye ndiye anayelipalilia. Tulipalilia pamoja, nikawahi kivuko cha mwisho.

Kwenye orodha niliandika "jina la kurithi." Kijitabu kikatoka na "mwenye bahati." Nakala niliyopewa sikuichukua.

Nilivuka tena mwezi uliofuata, na uliofuata. Mara ya tatu nilikuta mama yake amekwisha kuja kumchukua, mtoto amekwenda kuanza shule Geita. Mama mkwe alisikitika. Alisema laiti wangejua kwamba ningekuja, wangemngojesha.