Dakika Nne za Ozella Pettiford

Ozella Pettiford alikuwa ameigiza filamu kumi na tisa, na katika zote alivaa aproni. Alifungua milango, akapokea makoti, akasema "Ndiyo, bibi," basi. Saluni kwao, mtaa wa Central Avenue, Los Angeles, wenzake walimtania: "Shoga, leo umemfungulia nani mlango?" Alicheka nao, huku moyo ukimchoma.

Mwaka 1944 mwongozaji mmoja wa filamu, Halvorsen, akampa dakika nne za kuigiza hasa. Ozella alikuwa mtumishi yule yule wa ndani, ila sasa anapokea barua ya jeshi kwamba mwanawe ameuawa vitani, na bibi wa nyumba anamuuliza mbona chai imechelewa. Ozella alimjibu bibi yule kwa maneno machache, bila kupandisha sauti. Alipomaliza, mafundi wa taa walikuwa wanajifuta macho.

"Haturudii," Halvorsen alisema. "Imetosha."

Siku ile ile Ozella alimwandikia mama yake, Lutie, kule Shreveport, Kusini mwa Marekani: safari hii mtaniona kweli.

Lutie akatangaza kanisani. Filamu ilipofika mjini, kina mama ishirini na watatu, na kofia zao za Jumapili, walipanda ngazi za nje za jumba la sinema hadi roshani ya juu, mahali pekee watu weusi waliporuhusiwa kukaa. Ozella akatokea, akapokea koti, akaondoka. Wakangoja. Filamu ikaisha.

Lutie alipiga simu kutoka duka la dawa. "Ozella, nilikulea uwe muongo? Dada Arvella wa kanisani ananicheka mbele ya mchungaji!"

Ozella alimfuata Halvorsen ofisini.

"Si mimi," alisema yule bwana, bila kumtazama. "Wenye majumba ya sinema ya Kusini hawataki kuona mtumishi mweusi akimjibu bibi mweupe. Sehemu kama hiyo hukatwa kwenye nakala za filamu za kule kabla hazijatoka hapa."

"Na hukuniambia?"

"Nilidhani unajua."

Ozella alipanda treni hadi Shreveport. Alimkuta mama yake jikoni akichambua mboga. Hata koti hakuvua. Alisimama kando ya jiko, akaigiza dakika zote nne, neno kwa neno.

Lutie aliweka kisu chini. Mashavu yalikuwa yamelowa.

"Naam," alisema hatimaye. "Ni kweli. Ulifanya."

"Basi waambie, mama."

"Niwaambie nini, mwanangu? Mimi ni mama yako. Nani ataniamini?" Akachukua kisu, akaendelea na mboga zake.

Wiki iliyofuata Ozella alianza filamu ya ishirini na moja. Alipokea makoti kwa miaka mingine kumi na mitatu, mpaka magoti yalipomkatalia. Mama yake alimwandikia kila mwezi kumuuliza anaigiza nini siku hizi. Ozella alimjibu habari za hali ya hewa tu.