Maneno Niliyomtia Bi Zamzam Kinywani

Mpaka leo, mwanangu, nnausikia ule mlio: kidole cha Bi Zamzam chenye pete ya fedha kikigonga kifuniko cha kopo la biskuti. Tak. Akisema neno la barua, hugonga, maana yake hapo pamekwisha, andika, usiongeze. Mie niliongeza. Ndiyo khabari ninayotaka kukupa, na nnaomba univumilie, maana hata sasa nikiisema uso unaniwaka.

Nilikuwa na miaka kumi na saba. Tulifika Maskati mwaka ule wa mapinduzi, sitini na nne, mie na ami yangu na mkewe, tukitokea Unguja. Mama yangu alibaki kule na bibi yangu, ambaye hakuweza kusafiri. Tukapata chumba Sidab, kijiji cha pwani pale pale Maskati, majabali mgongoni. Wasichana wa jirani wakikicheka Kiarabu changu. Nikisema neno, wanalirudia kwa sauti yangu, kisha wanaangukiana kwa kicheko. Basi nikanyamaza. Nilikuwa naweza kushinda kutwa sijasema na mtu, ila na nafsi yangu, na nafsi yangu, wallahi, ilikuwa na maneno mengi.

Kule Unguja nilikuwa mpenzi wa michezo ya redio. Mwanamke anasimama mlangoni, anasema, "Nenda, lakini ukirudi usiniulize jina," mie chozi hilo, muhogo naumenya huku sioni. Nilitamani siku moja nami nitunge maneno kama yale, niwalize watu.

Kusoma sikusoma sana, lakini mwandiko wangu ulikuwa wa kupendeza. Wanawake waliotoka Unguja walipojua hayo, wakanifanya mwandishi wao. Tukikutana baada ya alasiri uani kwa Bi Zamzam, kahawa na tende katikati. Barua ikisha, mwandishi huisoma kwa sauti mbele ya wote, ndipo inatiwa gundi. Hiyo ndiyo ilikuwa ada yetu. Kisha hupewa msafiri mpaka Mombasa, na kutoka Mombasa hutafutiwa mtu wa Unguja. Huko nako husomwa mbele ya watu.

Bi Zamzam alikuwa na binti mmoja, Raya, aliyebaki Unguja, naye mja mzito, kwa kuwa mumewe alikuwa mgonjwa wa kitandani. Walivyoagana kwa haraka, Bi Zamzam alikosa hata sanduku, akajaza nguo zake ndani ya foronya ya mto wa Raya, akaja nayo mpaka huku. Siku moja akanambia nimwandikie.

"Mwambie nimefika. Tak. Mwambie maji ya huku yana chumvi. Tak. Mwambie foronya yake nnayo. Sijaifua. Tak."

Mie moyoni nikasema, hii barua gani? Foronya chafu itasomwa mbele za watu! Nikamwonea haya. Foronya nikaiacha, na mahali pake, kwa mwandiko wangu mzuri, nikaandika: "Raya, tangu uliponiacha nivuke bahari peke yangu, mimi sina mtoto."

Nilipoyaona yale maneno kwenye karatasi nilitetemeka kwa raha. Nilidhani Raya atalia machozi ya mapenzi, atatamani kumkumbatia mamake, kama kwenye redio. Ulipofika wakati wa kusoma, nikasoma aliyoyasema Bi Zamzam, neno kwa neno, na foronya ndani yake. Nani angejua? Wote pale hawajui kusoma. Gundi ikatiwa.

Mwezi wa kwanza Bi Zamzam hakuuliza. Wa pili akawa anamwuliza kila anayekuja. Alifikiri Raya kafa. Chakula kikamshinda, na kidole chake kikawa kinagonga kopo hata pasipo barua. Mie nikawa nakwenda kumchotea maji, nnarudi nyumbani na siri yangu. Mwanangu, upweke wa kutosema na watu niliuzoea. Huu wa kukaa karibu na mtu uliyemdhulumu, naye anakuombea dua kwa kumchotea maji, sijauona mwenziwe.

Mwezi wa sita barua ikaja. Uani walikuwapo wanawake sita. Nikaifungua.

"Mama, umesema huna mtoto. Nimesikia, na majirani wamesikia. Sitakusumbua tena. Ila nimejifungua mtoto wa kike, na kabla barua yako haijafika nilimpa jina lako. Sasa sijui nimwiteje."

Haya kwanza niliyasoma kwa macho tu. Ulimi ulikuwa umeshaanza kutengeneza mengine: mama hujambo, sote wazima. Nikamtazama Bi Zamzam, kidole kiko juu ya kopo kinangoja. Sikuweza. Nikaisoma kama ilivyo.

"Nani kasema sina mtoto?" Bi Zamzam akauliza.

"Mie, Bibi. Mie ndiye niliyeandika."

Pakachafuka. "Astaghfirullah!" "Mtoto kalamu imempanda kichwani huyu!" Bi Time, jirani wa Bi Zamzam, mwenye ulimi, akasema, "Basi na mie huenda keshanipa talaka kwenye barua zangu!" Wengine wakacheka kwa kutojua la kufanya. Bi Zamzam hakucheka.

"Hebu yaseme hayo maneno," akanambia. "Kama ulivyoyaandika."

Nikayasema.

"Yamepangwa vizuri," akasema. "Ningeyasikia kwenye mchezo, ningelia. Lakini mwanangu, mchezo ukisha watu huenda kula. Raya alikwenda wapi?"

Nikalia, na safari hii hakuna aliyenitungia kilio.

"Futa uso. Shika kalamu. Andika maneno yale si ya mamako, ni ya mwandishi, na utie jina lako kamili, ajue wa kumlaani ni nani. Tak. Andika mtoto aitwe Zamzam. Tak. Andika foronya yake nnayo." Hapo kidole hakikugonga. "Sijaifua. Nikiifua itatoka harufu ya nywele zake. Tak."

Jibu la Raya lilichukua miezi mingine minne. Lilikuwa na maneno mawili tu, nami ndiye niliyeyasoma: "Mama, usiifue."

Bi Time alifunika uso kwa ukaya wake, yeye ambaye sikuwahi kumwona akilia. Na mie, niliyetaka maisha yangu yote kuwaliza watu, nikajua sikutia hapo hata herufi.

Mwanangu, nnakuoneni siku hizi na simu zenu, mnavyotafuta neno la kukata, neno la kumchoma mtu au kumyeyusha. Sikukatazi kupenda maneno; mie bado nayapenda, nikisikia sentensi nzuri bado nywele zinanisimama. Nnalokuomba ni hili: neno zito usilitoe mpaka uwe umelibeba wewe mwenyewe. Usimtilie mtu kinywani uchungu asiokuwa nao, hata kama umeupamba. Na ukiwa na jambo dogo la kweli unaloliona haya, hilo ndilo uliseme. Huenda mwenzio analingoja hilo. Mungu akupe ulimi wenye huruma, akupe na mtu wa kukusikiliza, wala asikuonjeshe miezi ile sita.

Jioni ile ya jibu la Raya nilirudi chumbani, ami na mkewe hawapo. Miezi yote ile nilikuwa nikimwandikia mama kurasa tatu tatu, Maskati yote majumba na maua, mie nacheka kutwa. Nikachukua karatasi, nikaandika: "Mama, huku nnakula peke yangu." Nikatazama kama pana la kuongeza. Sikuwa na kopo, wala pete. Nikakunja kidole, nikagonga sakafu mara moja.